Kanda ya Earnie Shavers

Mwalimu wetu wa ngumi hakuwa na desturi ya kutupumzisha. Siku ile alipotuambia tuvue glovu tukae chini mbele ya televisheni, tulidhani anatupa habari ya msiba. Kumbe alikuwa na kanda ya video: bingwa Larry Holmes dhidi ya Earnie Shavers, Las Vegas, Septemba 1979, ubingwa wa dunia wa WBC (Baraza la Ngumi la Dunia) uzito wa juu.

"Huyu mwenye kipara mnamjua?"

Kimya. Ali, Foreman, Frazier, hao tuliwajua. Shavers hatukuwahi kumsikia.

Akatusimulia habari za Shavers huku kanda ikikimbia. Mtu aliyeanza ngumi akiwa na miaka 22, umri ambao wenzake walishakomaa ulingoni. Alishinda mapambano zaidi ya 70, na zaidi ya 60 kati ya hayo kwa KO, yaani kwa kumwangusha mpinzani asiweze kuendelea. Mwaka 1977 alipigana na Ali pale Madison Square Garden raundi zote 15, akashindwa kwa pointi, na Ali mwenyewe akaja kusema ngumi zile ziliwatikisa hadi jamaa zake walioko Afrika. Hapo tulicheka sana, maana jamaa wenyewe si ndio sisi! Machi 1979 akammaliza Ken Norton raundi ya kwanza, na ndipo akapewa Holmes.

Raundi ya saba ikafika. Holmes alikuwa anaongoza, mkono wa kushoto unampiga Shavers usoni apendavyo. Ghafla mkono wa kulia wa Shavers ukapita juu, na bingwa akalala chali. Mwalimu akabonyeza kitufe, picha ikaganda.

"Nani anashinda?"

Shavers, tukajibu wote. Mimi nilipiga kelele kuliko wote, kwa kuwa na mimi nilitegemea mkono wa kulia, na mbio za asubuhi nilikuwa nazikwepa.

Akaachia kanda. Holmes huyo, wima, kabla refa hajahesabu kumi. Shavers akamvamia kwa ngumi kubwa kubwa, kila moja ya kumaliza kazi, nyingi zikapita hewani, mwenzake akakumbatia mpaka kengele. Raundi ya 11 refa alisimamisha pambano, Shavers hoi.

Watu husema Holmes alikuwa na bahati. Mimi sikubali. Mwalimu aliirudisha kanda akaniambia niache kutazama mikono, nitazame kifua cha Shavers kinavyopanda na kushuka.

"Kesho wewe begi la ngumi huligusi. Kuruka kamba na mbio tu."

Nilinuna wiki nzima.

Mkanda wa ubingwa wa dunia Shavers hakuupata. Retina ya jicho ikamsumbua, akaacha, akajaribu kurudi hadi mwaka 1995 akiwa na miaka 51. Alifariki 2022. Mmoja wetu mpaka leo anashikilia kwamba refa alihesabu polepole usiku ule. Kanda ipo, sekunde zinahesabika, lakini mwambie aitazame tena: hataki.