Mizani 22: nilivyotunga mashairi nikiwa afisa uhusiano

Kila aliyesikia kwamba mimi ni mtunzi wa mashairi na kwamba ugali wangu unatoka ofisi ya uhusiano alinipa ushauri, na karibu wote ulikuwa wa hovyo. Kaka yangu: chagua moja. Mhariri mmoja wa gazeti: ile kazi itakuharibia lugha. Rafiki yangu mwalimu ndiye aliyenimaliza: amka saa kumi alfajiri, utunge kabla watu hawajaanza kelele. Nikajaribu wiki mbili. Beti zote nilizopata zilikuwa za usingizi, na siku moja nikasinzia kwenye mkutano na waandishi wa habari, kipaza sauti nimekishika mwenyewe.

Tena hao wanaosema mtunzi hakai ofisini sijui wanamsoma nani. Shaaban Robert alikuwa karani wa forodha tangu 1926 hadi 1944. Sheikh Amri Abedi, aliyetuandikia sheria za kutunga mashairi mwaka 1954, alikuwa meya wa Dar es Salaam na baadaye waziri. Na Mathias Mnyampala alipozikuza ngonjera, yale mashairi ya kujibizana, zikatumika kueleza Azimio la Arusha baada ya 1967, ile ilikuwa kazi gani kama si uhusiano wa umma? Tofauti yake na mimi ni kwamba yeye alieleza ujamaa. Mimi nilieleza kwa nini maji hayatoki.

Nilikuwa mamlaka ya maji ya mji mmoja. Jina nalihifadhi, bado nadai mafao. Miaka kumi na tisa, na katika miaka hiyo nimetunga mashairi mia na ushee, mengi yakiwa vikaoni. Vikao vya ofisi ni mahali pazuri kuliko alfajiri yoyote: umekaa, kuna chai, na hakuna anayetegemea useme kitu. Nilihesabu mizani, yaani silabi za mshororo, kwa vidole chini ya meza, kila kidole silabi mbili, ncha na shina. Vidole vinne vya kushoto ni nane, huo ukwapi, nusu ya kwanza ya mshororo, umekamilika. Vinne vya kulia ni nane, huo utao, nusu ya pili. Gumba linabaki huru kushika kalamu ya kujifanya unaandika muhtasari. Mhasibu alikaa jirani yangu miaka mingi akidhani nahesabu siku za posho.

Sasa nieleze aibu yangu, maana najua baadhi yenu mnaisubiri.

Mwaka wangu wa tatu bomba kuu lilipasuka. Nikaona hii ndiyo nafasi: tangazo la ushairi, watu walifurahie, walikariri, mamlaka ipate sifa. Nilikesha nalo. Likatoka hivi:

Bomba kubwa lapasuka, mafundi wamo shimoni,
Maji yatapokatika, msije teta nyumbani,
Jazeni na kufunika, madumu tangu jioni,
Ijumaa ikifika, yatarejea bombani.

Vina vimekaa, mizani imetimia, hakuna hata silabi ya kuazima. Nililipeleka redioni mwenyewe, nikalibandika na kwenye mbao za matangazo sokoni. Kwa kweli lilipendwa. Watoto walilikariri njiani wakienda shule.

Kitu kimoja tu kilikosekana: mitaa. Bomba lile lilihudumia mitaa kumi na miwili, na majina yake yalikataa kabisa kuingia kwenye nane nane, nikajisemea watu wataelewa. Wakaelewa mji mzima. Jioni ile kila nyumba ilifungua bomba kujaza madumu, hata mitaa ambayo haikuhusika, presha ikashuka, na maji yakakatika kweli kule ambako hayakupaswa kukatika. Simu ya dawati la wateja haikupumua. Mkurugenzi aliniita, akanisomea lile shairi taratibu, mshororo kwa mshororo, kisha akauliza, "Sasa malenga, hapa mtaa uko wapi?"

Kesho yake akaja mzee mmoja, kanzu na fimbo. Nikampa shikamoo, nikajiandaa kutukanwa. Akatoa karatasi iliyokunjwa mara nne, akasimama katikati ya ofisi, akaghani:

Malenga nakuuliza, mtaa gani mwandani,
Ndoo sita nimejaza, na maji yamo bombani.

Ofisi nzima ilicheka, hadi mhasibu. Mzee hakucheka. Akaniambia, "Mwanangu, umetunga vizuri. Lakini mke wangu sasa anaoga kwa ndoo na bomba linatoka." Aliniharibia siku, lakini mpaka leo sijapata jibu la shairi langu lililo safi kama lile. Tulijibizana kwa beti miaka mingi baada ya hapo. Akiona bomba linavuja mtaani kwake analeta taarifa kwa mizani, mtaa ukitajwa vizuri mno, kunisuta.

Tangu hapo matangazo niliyaandika kwa nathari. Ila ushairi sikuuacha, niliuingiza kwa mlango wa nyuma, na hapa naomba nijisifu kidogo.

Tatizo la taarifa kwa umma ni wakubwa. Unaandika mistari miwili, inapita kwa watu wanne, kila mmoja anaongeza neno lake ili aonekane amefanya kazi. Inarudi hivi: "Mamlaka inapenda kuwataarifu wateja wake wote kwa ujumla kuwa kutokana na sababu zilizo nje ya uwezo wake..." Kuwabishia ni kujitafutia barua ya onyo. Mimi nilikuwa nabeba karatasi hiyo, naingia kwa mkurugenzi kabla kamera hazijawashwa, namwambia, "Mkuu, vijana wa kamera wanaomba tujaribu sauti kidogo." Anasoma. Mtunzi yeyote anajua pumzi ya mtu inabeba kipande kimoja, viwili akijitahidi. Akifika kwenye "kwa ujumla" pumzi inaanza kukatika, kwenye "nje ya uwezo" anakohoa. Mimi kimya, namtazama tu kwa huruma. Anakunywa maji, anarudia, anakohoa palepale. Mwisho anachukua kalamu mwenyewe: "Hii ndefu, bwana. Andika bomba limepasuka." Mizani saba, imepungua moja, lakini sikulalamika. Alistaafu akiamini kwamba yeye ndiye aliyenifundisha kuandika kwa ufupi, na kwenye sherehe ya kumuaga alilisema hilo mbele za watu. Nilipiga makofi.

Diwani yangu niliichapisha kwa fedha zangu, nakala mia tano, milioni moja na nusu au mbili hivi ukihesabu soda za uzinduzi na nauli za waandishi, ambao kwa nauli tu hawana mzaha. Msisubiri mchapishaji kama mna haraka, ila msichapishe mia tano. Nakala kama mia mbili ziko chini ya kitanda changu mpaka leo, na mke wangu anaziita wageni wasioaga.

Sentensi moja tu ilinishinda miaka yote kumi na tisa: "Tunaomba radhi kwa usumbufu wowote utakaojitokeza." Hesabuni wenyewe. Mizani 22, hakuna bahari, yaani aina ya ushairi, niijuayo inayoibeba, tena usumbufu wenyewe umekwisha kujitokeza tangu asubuhi. Niliifuta mara nyingi sana. Kila mara ilirudi na saini ya mtu wa juu.

Juzi kijana aliyeshika meza yangu alinitumia tangazo lake, "Mzee, nipitishie macho kabla halijatoka." Mitaa ilikuwemo yote, saa zilikuwemo. Nikashuka mpaka mstari wa mwisho, vidole vikaanza kuhesabu vyenyewe. Bado 22.