Siyo kila meli ni MV Bukoba

Kuna kitu kinaniuma sana kwenye dokumentari za huku kwetu, mtu anasimulia MV Bukoba halafu kwenye skrini inapita meli nyingine kabisa, kisa tu ni meli na kuna maji. Ilipozama Ziwa Victoria tarehe 21 Mei 1996 walikufa watu zaidi ya 800, hapa Mwanza wapo waliozika ndugu zao Igoma na ile meli wanaijua vizuri. Kuwawekea nyingine ni kuwadharau.

Kazi yangu ni kuwatafutia watu wa filamu video za zamani, na wengi wanadhani nashinda naperuzi YouTube. Kupata klipu ndo rahisi, kazi ni kujua hapa ni wapi, lini, nani alipiga, na leo haki ni ya nani. Maktaba za Ulaya unakuta zimeandika "Lake Victoria" basi, sasa hiyo si inaweza kuwa Kisumu, Entebbe au hapa? Ukitafuta Mwanza hupati kitu, inabidi ujaribu Tanganyika, Victoria Nyanza, hata Muansa kama Wajerumani walivyokuwa wanaandika.

Hapo sasa unakodoa macho fremu kwa fremu. Likitokea Jiwe la Bismarck, lile lililosimama majini, umepona, ni hapa. Ukiona magugu maji yametanda usikubali kuambiwa ni miaka ya 60, yale yameingia ziwani mwishoni mwa miaka ya 80. Nikikwama nawafuata wazee waliofanya kazi bandarini, shikamoo mzee, hebu niangalizie hii meli, na yeye anaitaja kwa kuona bomba la moshi tu, hiyo huipati kwenye katalogi yoyote ya London. Ila zile za ajali siwashtukizi, namwambia kwanza ni za nini, maana anaweza akamwona mtu wake pale.

Tanzania Bara televisheni imeanza 1994, kwa hiyo picha zetu nyingi za kabla ya hapo ziko nje, kina British Pathé huko, maktaba ya filamu za habari za zamani ya Uingereza, na mara nyingi unalipia kwa sekunde. Wanakupa kwanza kopi yenye jina lao katikati na namba za muda, ukishalipa ndo unapewa safi, na bei inategemea itaonyeshwa nchi gani na kwa miaka mingapi. Inauma kulinunua ziwa letu wenyewe, lakini nang'ang'ania ilipwe, ukichomeka ya kudownload mwenye nayo anaweza kuizuia filamu nzima.

Halafu jamani zile VHS za harusi na misiba ya miaka ya 90! Kwa unyevu huu wa ziwa zinaota ukungu. Ukiona weupe weupe kwenye utepe usiiweke kwenye deki, itachafua hedi, kile kinachosoma utepe, na utepe utakwaruzika, mpe fundi aisafishe kwanza. Na kama harusi ya shangazi ilipigwa video na bandari ikaonekana kwa nyuma niambie, nakufuata mpaka nyumbani, kanda inabaki yenu na jina la familia linaandikwa mwisho wa filamu.