Jini la Pwani
Kakangu amerudi kutoka Marekani, na chenji zilizombakia mfukoni akawamwagia wanawe mkekani. Binti yake akanijia na robo dola. "Shangazi, ni nani huyu?" Nikamwambia ni Anna May Wong, mwigizaji. Alizaliwa Los Angeles mwaka 1905, wazee wake asili yao China, na Hollywood ikamng'ang'aniza wanawake wa hila na watumwa mpaka 1928 akahamia Ulaya kutafuta kazi nyingine. Filamu kubwa ya 1937 kuhusu wakulima wa China, nafasi ya mke wa mkulima alipewa Luise Rainer, mzungu, na Oscar akabeba yeye. Sura ya Anna May imewekwa kwenye sarafu mwaka 2022, miaka 61 baada ya kufa kwake.

Mtoto akaridhika, akaenda kucheza. Mimi, mwigizaji pia, nikabaki na asubuhi ile ya Tudor, Mombasa.

Mwajua nilivyokuwa nikiitwa siku hizo. Akitakiwa mwanamke wa kutoka baharini usiku wa manane, buibui lapepea na udi wafuka, simu ililia kwangu. Kama si jini, basi mganga. Kama si mganga, mke mwenza mwenye hirizi chini ya mto.

Usaili ulikuwa orofani, chumba kina feni moja la dari, mezani mahamri juu ya gazeti lililoloa mafuta. Kijana akanipa ukurasa wangu. Jini, tena. Jina hana, maneno yake sentensi moja. Lakini kwenye rundo la pili nilikuwa nimeona wakili: mwanamke anayewatetea maskwota wa Kisauni mahakamani.

"Naomba nisome wakili," nikasema.

Mwongozaji alinitazama kwa upole, nadhani hakuwa mtu mbaya. "Dada, Kiswahili chako kitamu mno. Wakili atakuwa mtu wa Nairobi."

"Watu wa Kisauni hawana mtoto aliyesomea sheria?"

Akanyoosha mkono, nisome. Nikasimama. Yalikuwa maombi kwa hakimu: mzee amezaliwa pale, kitovu chake kimezikwa pale, na leo mtu asiyewahi kukanyaga shamba lile amekuja na hati. Sikuisoma kwa sauti ya sinema. Niliisoma kama mamangu anavyomwambia mwenye nyumba asipandishe kodi: taratibu, jicho halibanduki. Mama aliyekuwa akimimina chai akasahau mkono wake kwenye chupa, kikombe kikajaa, kikamwagikia sahani, sahani ikamwagikia gazeti, na hakuna aliyemwambia kitu. Nikamaliza. Feni likawa lasikika peke yake.

"Vizuri sana," mwongozaji akasema, na naamini alimaanisha. "Sasa tupe jini."

Nikaurudisha ukurasa mezani. "Jini mtafutieni mwengine, kaka." Nikashuka ngazi.

Filamu ilitengenezwa. Simu ikanyamaza muda mrefu, nikala kwa matangazo ya redio na kwa kufundisha wasichana kuigiza. Baadaye nikapata mama anayebishana na kondakta wa matatu ya Bamburi, dakika chache tu, na hadi leo ndiyo kazi yangu niipendayo zaidi. Mama yule alikuwa na kapu la mboga, na alikuwa na haraka ya kufika kwake.

Jini la Tudor alilicheza msichana wa Likoni niliyemfundisha mimi, na alilicheza vizuri. Mpaka sasa hunipigia kila akiitwa. Juzi ameitiwa mganga, akaniuliza akubali au akatae. Nikamwuliza mganga huyo ana jina? Hana. Nikamwambia aanze kwa kuwaomba jina, kisha awaulize mganga aishi mtaa gani, ana watoto au hana, na asubuhi ala nini. Wakimjibu, akubali. Wasipomjibu, nilishindwa kumwambia akatae. Kodi yake ya nyumba ni tarehe 5.