Ami yangu na ukaimu usioisha

Ami kafika 60 na barua ya kustaafu kazi ya serikali ishakuja, mie nikadhani hiyo ndo itamuuma, kumbe wala. Umri huo hapa Kenya sheria iko wazi tangu 2009 ulipotolewa 55 ukapandishwa 60, na hata majaji wa Mahakama ya Juu, Rawal na Tunoi, walidai waende hadi 74 wakashindwa 2016, wakaambiwa mwisho wa majaji ni 70. Kuna jirani hapa Majengo alimshauri abadilishe tarehe ya kuzaliwa kwa kitambulisho, ami akacheka mpaka akakohoa.

Kinachomkera ni ule ukaimu, kushikilia cheo bila kuthibitishwa. Miaka nenda miaka rudi yeye ni kaimu mkuu wa sehemu, anasaini, anagombezwa, nafasi ikitangazwa anapewa kijana ambaye kazi kafundishwa na yeye ami mwenyewe, wala haandikiwi hata mstari mmoja wa sababu. Barua zake zote anazo kwa mfuko wa plastiki, pini zishaota kutu na karatasi zimelainika kwa joto letu hili, kila moja imeandikwa "hadi taarifa zaidi". Na Sheria ya Tume ya Utumishi wa Umma ya 2017 yasema kukaimu kusizidi miezi 6!

Watu wamwambia ami tulia, subiri pensheni yako. Lakini pensheni yenyewe hiyo ya zamani inapigwa kwa mshahara wa mwisho, mshahara wa mwaka mara miezi uliyofanya kazi gawanya kwa 480, sasa job grupu (ngazi ya mshahara) uliyonyimwa si ndo unakatwa kila mwezi mpaka ufe? Hilo ndo linalonichoma mie.

Loya wa huko Treasury Square, Mombasa, hakumpaka mafuta. Madai ya kazi yana miaka 3, na kama dhuluma ilikuwa yaendelea basi ni miezi 12 tangu ikome, kwa hivyo akishatoka ofisini asilale. Akasema pia korti ya kazi ni nadra kumpa mtu cheo, hiyo huachiwa mwajiri, wao wataangalia kama utaratibu ulifuatwa na kama alipewa sababu, maana Kifungu cha 47 cha Katiba champa haki ya kuandikiwa.

Mkewe hataki kesi, asema zitawazeesha. Ami kasikiza, kanywa kahawa yake, kisha kanituma nikatoe kopi za zile barua zote.