Namna nilivyoirudisha bashraf hewani

Nilipokabidhiwa kipindi cha taarab asilia, nilipewa sharti moja: wimbo usizidi dakika tano. Kwa anayeijua taarab ya Unguja, hilo ni sawa na kuambiwa usome utenzi kwa kuruka beti. Wimbo wa asilia una utangulizi wake wa ala, una beti, na baina ya ubeti na ubeti fidla na kanuni, ile ala ya nyuzi nyingi, hujibizana huku mwimbaji akivuta pumzi. Nyingi zinafika dakika kumi na kupindukia. Na kabla ya nyimbo zenyewe kuna bashraf, kipande cha ala tupu kinachofungulia onyesho. Bashraf ndiyo ilikuwa ikionewa zaidi. Ama inakatwa, ama mtangazaji anaongea juu yake mwanzo hadi mwisho, kana kwamba wale wapigaji wamekaa pale kumsindikiza yeye.

Sharti lile lilinikera, lakini mtangazaji mpya hashindani na mkuu wa vipindi kwa kulalamika. Nilitafuta hoja.

Ya kwanza niliipata kwenye santuri. Mwaka 1928 mwimbaji wetu Siti binti Saad na wenzake walisafiri hadi Bombay kurekodi kwa kampuni ya santuri ya HMV. Santuri za enzi hizo zilizunguka mara 78 kwa dakika na uso mmoja ulibeba takriban dakika tatu tu. Kwa hiyo tunachokisikia leo ni nyimbo zilizopunguzwa zitoshe kwenye sahani. Nilimwambia mkuu kwamba dakika tatu zilikuwa kikomo cha mashine, muziki haukuwahi kuwa na kikomo hicho. Hoja ya pili ilitoka Cairo, na taarab yetu ina nasaba na Cairo: Sultani Barghash wa Zanzibar ndiye aliyempeleka Mohamed Ibrahim huko akajifunze kanuni, na klabu ya Ikhwani Safaa, iliyoanzishwa mwaka 1905, ililelewa na muziki huo. Redio ya Misri ilikuwa ikirusha maonyesho ya mwimbaji wao Umm Kulthum Alhamisi ya kwanza ya mwezi. Wimbo mmoja ungeweza kwenda saa nzima, na watu wakakaa kitako kusikiliza.

Akanisikiliza, kisha akasema, "Haya, jaribu. Lakini simu zikipungua tunarudi kwenye dakika tano."

Sasa ikabaki kazi yenyewe, maana hoja haimzuii msikilizaji kubadilisha stesheni. Niliyoyaona katika kazi hii ni kwamba watu hawakimbii urefu. Wanakimbia kutojua wasikilize nini. Mtu aliyezoea rusha roho, taarab ya kisasa ambayo maneno yake yanakufikia papo hapo, ukimwekea ala tupu kwa dakika nane anadhani wimbo umechelewa kuanza. Basi nikajiwekea utaratibu: kabla ya kila kipande naeleza jambo moja tu la kulisikiliza, bila kufika dakika nzima, halafu nanyamaza hadi noti ya mwisho. Siongei juu ya ala. Sishushi sauti ya muziki ili nitaje namba ya simu. Fundi mitambo alipata tabu mwanzoni, mkono wake ulikuwa umeshazoea kushusha kila penye kituo.

Kipindi kilichonifungulia njia ni kile nilichomkaribisha mzee mmoja mpiga kanuni. Kanuni hulazwa mapajani, nyuzi zake zinazidi sabini, tatu tatu kwa kila sauti, na kuzilinganisha ni kazi ya subira. Badala ya kumsubiri amalize ndipo twende hewani, niliacha kipaza sauti wazi, wasikilizaji wakasikia nyuzi zikikazwa moja moja hadi tatu zikawa sauti moja. Kisha akavaa pete zake, moja kwenye kidole cha shahada cha kila mkono, akachomeka ndani yake vile vipande vyembamba vya kupigia. Nikamwambia, "Maalim, tuonyeshe Bayati."

Akapiga taratibu ngazi ya Bayati, mojawapo ya maqam, yaani ngazi za sauti za muziki wa Kiarabu. Akarudia, safari hii akasimama kwenye sauti ya pili na kuiacha ilie. Halafu akageuza kijibati kidogo cha chuma kilicho chini ya nyuzi, akaipiga sauti ile kama ambavyo piano ingeitoa. Tofauti ilikuwa dhahiri. Ile ya kwanza inakaa katikati, baina ya funguo mbili za piano, na ndiyo inayoipa Bayati ladha yake. Nikawaambia wasikilizaji kwamba masikio yao yanaijua siku nyingi: wasomaji wa Qur'ani wanaofuata mtindo wa Misri mara nyingi hufungua kisomo chao kwa Bayati. Baada ya hapo tukapiga bashraf nzima, haikukatwa hata kidogo. Simu zilizoingia hazikuwa za kuomba wimbo. Walikuwa wakiuliza maqam nyingine: Hijaz je? Na Rast inakuwaje? Mama mmoja alitaka maalim aitwe tena wiki ijayo.

Suala la dakika tano halikuzungumzwa tena.

Jambo la pili nililolishikilia ni majina. Wimbo wa taarab asilia una watu watatu: aliyetunga shairi, aliyelitia sauti, yaani aliyelitungia muziki, na anayeliimba. Redioni anatajwa wa tatu peke yake. Bi Kidude, aliyefariki Aprili 2013, aliimba nyimbo nyingi za Siti, na leo vijana wanaziita zote za Bi Kidude. Simlaumu kijana, hakuna aliyemwambia. Kwangu mimi shairi bila jina la mshairi haliendi hewani mpaka nimeuliza kila ninayemjua, na kuuliza kwenyewe kuna adabu zake. Unakwenda kwa mzee alasiri, unamwamkia, unakaa, unamsikilizisha wimbo kwenye simu yako. Humuulizi "nani katunga?" moja kwa moja. Unamwacha asikilize hadi mwisho, na aghalabu anaanza mwenyewe: huyu mpiga fidla alikuwa fulani, harusi hii ilikuwa Malindi, shairi hili lilimlenga jirani yake. Nikipata majibu mawili yanayopingana nayaandika yote na nayataja yote hewani. Mara nyingi anapiga simu mtoto au mjukuu wa mhusika na kulimaliza jambo.

Katika rekodi za ukumbini kuna kitu kingine ninachokipenda mno. Mwimbaji yuko katikati ya ubeti, mara vigelegele vinalipuka. Aliyeko ukumbini anaona kilichotokea: mtu ameinuka, amekwenda mbele kumtunza mwimbaji kwenye mstari ule hasa, na pengine pesa ile ni ujumbe kwa mwenzake aliyekaa safu ya nyuma. Msikilizaji wa redio haoni lolote. Kwa hiyo namwambia kabla: ubeti wa tatu, sikiliza vigelegele vinapoingia, halafu jiulize fumbo limempata nani. Hapo hata asiyejali muziki anategesha sikio.

Kazi isiyosikika ni ya maktaba. Mwezi wa Ramadhani kipindi chetu husimama, hupigwa kaswida, nami nautumia mwezi huo kuhamishia tepu za zamani kwenye kompyuta. Baadhi zinanuka siki, dalili kwamba plastiki yenyewe inaoza, na hizo ndizo za kuanza nazo. Nyingine zilirekodiwa kwa mashine isiyokwenda kasi sawasawa, mwimbaji akasikika mwembamba kuliko alivyokuwa. Kwa hizo nilifundishwa ujanja ambao sitausahau: tafuta mngurumo wa umeme ulioingia kwenye rekodi. Umeme wetu ni herzi 50. Ukipima mngurumo ukakuta 52, ujue tepu inakimbia, irudishe hadi 50 na sauti ya mtu inarudi mahali pake. Nilipomsikilizisha mwimbaji mmoja mkongwe sauti yake ya ujanani baada ya kurekebishwa, alinyanyua mkono na kusema, "Hapo sasa ndiye mimi."

Kanda nyingi bora hazimo redioni, zimo majumbani. Kama kwenu kuna kanda za harusi za zamani, Mombasa, Pemba, Tanga au Muscat, msizipige kwanza kwenye mashine mbovu mkazikata. Zikiwa na ukungu mpelekeeni fundi anayezijua. Na wakati mnasubiri, kaeni na bibi au babu muandike kwenye karatasi ilikuwa harusi ya nani, wapi, nani mwimbaji, nani kwenye udi, nani kwenye fidla, nani aliyetia sauti, na nani aliyetunga shairi. Karatasi hiyo iingie ndani ya boksi pamoja na kanda.