Mikono ya Ritinha

Mpwa wangu anasomea uandishi wa miongozo ya filamu. Wiki hii mwalimu wao amewaambia wafute kila sentensi ambayo kamera inaweza kuibeba peke yake. Akanipigia simu: "Mama mdogo, ni kweli hivyo?" Nimeshindwa kumjibu kwa mkato. Niliyemkumbuka ni bibi mwenye nyumba wangu wa Porto, Ureno, na usiku tulipotazama filamu ya Vale Abraão.

Miaka ile nilikuwa mpangaji wake. Bibi alikuwa ameishi Beira, Msumbiji, kabla ya uhuru wa 1975, na kwa mambo ya Afrika tulibishana karibu kila tulipokaa mezani. Kwa Agustina Bessa-Luís, mwandishi wa riwaya wa Ureno, karibu hakuna ubishi. Agustina alizaliwa mwaka 1922 Vila Meã, upande wa Amarante. Riwaya yake A Sibila, ya 1954, ndiyo iliyompa jina. Alipokuwa msichana alitia tangazo gazetini kutafuta mtu msomi wa kuandikiana naye barua, na aliyejibu ndiye aliyemuoa. Bibi alilisimulia tangazo hilo kama habari ya binti wa jirani.

Usiku huo alitoa diski ya Vale Abraão, akanipa historia yake upesi upesi. Mwongozaji filamu Manoel de Oliveira alitaka kisa cha Madame Bovary, riwaya ya Mfaransa Flaubert, kihamie kwenye bonde la mto Douro, Ureno. Agustina akamwandikia riwaya, ikatoka 1991. Filamu ikafuata 1993. Kabla ya hapo Agustina aliwahi kuombwa mazungumzo tu, ya filamu juu ya Fanny Owen, mwanamke wa kweli wa karne ya 19. Akaandika riwaya nzima, na Oliveira akaifanyia filamu, Francisca, mwaka 1981.

"Mwombe maji, atakuchimbia kisima," bibi alisema.

Filamu inapita saa tatu. Watu wamekaa wanazungumza, mizabibu imepanda vilima kwa ngazi, na juu ya yote sauti ya msimulizi inasema hata yale tunayoyaona kwa macho. Nilianza kusinzia. Akatokea Ritinha, dobi wa nyumbani, bubu na kiziwi.

Bibi alibonyeza kitufe, picha ikaganda. Akasogea mpaka goti lake likagusa kabati la televisheni, akaweka kidole kwenye kioo, juu ya mikono ya yule mwanamke. "Tazama hapa, mwanangu." Kidole chenyewe kilikuwa kimepinda kwa baridi yabisi, na ukucha wake uliacha alama kwenye vumbi la kioo. Akaiachia picha iende: nguo, maji, jiwe la birika. Akairudisha nyuma. Akaiachia tena. "Wote humu wanasema, wanasema. Huyu tu hasemi. Sasa niambie, ungemwona kama wengine wangenyamaza?"

Usingizi ulinitoka. Tangu hapo niliisikia ile sauti ya msimulizi kwa namna nyingine, kama kitu kilichowekwa makusudi ili kimya cha mtu mmoja kipate uzito. Naiamini maana hiyo mpaka leo, ingawa sijui kama Agustina mwenyewe angeikubali. Na sijui namna ya kumwambia kijana wa mwaka wa kwanza afute maneno, kisha nimwonyeshe kazi hii.

Mwishoni Ema, mhusika mkuu, anapita katikati ya michungwa, anafika gatini mtoni, ubao unamwachia, anazama. Hapo ndipo tulipogombana. Mimi nilisema alijitosa, maana Emma wa Flaubert, yule Madame Bovary mwenyewe, alikula sumu kwa mkono wake. Bibi alikataa katakata.

"Ubao ulikuwa mbovu. Agustina hakumpa hata heshima ya kuchagua."

"Bibi, amevaa vizuri, ameaga kila kitu kwa macho!"

"Mwanamke kuvaa vizuri ni kujiua?"

Agustina alifariki tarehe 3 Juni 2019, na ubishi wetu ulikuwa haujaisha. Nimeitazama tena sehemu hiyo juzi, kwa ajili ya mpwa wangu. Bado nasema alijitosa, lakini safari hii niliutazama ubao kwanza.