Kantangaze: kabla hujapulizia, geuza jani kwanza

Msimu wa nyanya ukianza tu, WhatsApp yangu inajaa picha za majani, na swali ni lilelile, mkuu hii ni kantangaze au? Jamani, nyingi kati ya hizo wala sio kantangaze, yule kiwavi wa nondo anayemaliza nyanya, ni kidomozi, yule inzi mdogo anayechora mistari. Na mtu keshanunua dawa ya bei mbaya dukani, anataka tu nimwambie apulizie.

Chukua jani linyanyue juani uliangalie kwa upande wa chini. Kidomozi anaacha mstari mwembamba unaopinda pinda kama barabara ya Kitonga, ndo maana wengine wanamwita mchora ramani. Kantangaze hachori mstari bwana, anakula nyama ya jani katikati anaacha ngozi ya juu na ya chini, kwa hiyo unaona baka pana lisilo na umbo, jeupe, unaona mwanga unapita kabisa, na pembeni humo humo kuna vinyesi vyeusi vimerundikana. Mara nyingi na mwenyewe utamuona kwa ndani. Lipasue baka kwa kucha taratibu: kichwa cha kahawia, na nyuma tu ya kichwa, mgongoni, kuna kimstari cheusi chembamba. Ukishakiona hicho, basi. Akiwa ametoka kwenye yai ni rangi ya maziwa, baadaye anakuwa kijani, akikomaa anakuwa na wekundu wekundu mgongoni. Funza wa inzi hana kichwa cha kuonekana wala miguu. Baka likiwa tupu usishangae, kantangaze huwa anatoka na kutoboa jani jingine, au anahamia kwenye tunda, anaingilia pale karibu na kikonyo.

Nondo mwenyewe hafiki hata sentimita moja, kijivu, ana vidoa vyeusi kwenye mabawa, mchana kajificha kwenye majani na anaruka jioni na alfajiri. Ana ndugu yake wa viazi mviringo wanafanana mno, kwa macho tu huwatofautishi kirahisi, wataalamu wanampasua wakaangalia viungo vya uzazi kwa hadubini. Sisi huko hatufiki, kwenye nyanya baka na kiwavi vinatosha.

Sasa mzunguko wake, hapa ndo pesa za watu zinapotelea. Jike anaweza kutaga mpaka mayai 260 hivi, mojamoja, mengi chini ya majani, na yai halifiki hata nusu milimita. Siku kadhaa tu yanaanguliwa, kiwavi anaingia ndani ya jani, anajivua ngozi mara tatu, akishiba anashuka na kuwa pupa kwenye udongo, yaani analala humo mpaka ageuke nondo, ingawa wengine wanabaki humo humo kwenye jani. Joto ndilo linaloamua mwendo: kwenye nyuzi 27 hivi anamaliza kila kitu kwa siku 24, kwenye 20 ni kama 40, na kwenye 14 ni siku 76. Yaani ratiba ya kupulizia aliyokupa shemeji yako wa Morogoro bondeni kwenye joto haina maana yoyote huku Kilolo kwenye baridi ya mwezi wa saba.

Na ona ujanja wake, siku unayopulizia, nondo kajificha, kiwavi yuko ndani ya jani, pupa yuko chini ya udongo. Dawa ya kugusa tu itamgusa nani? Tena hizi dawa za kawaida ameshazizoea sehemu nyingi duniani. Katokea Amerika Kusini huko, mtaalamu wa wadudu Meyrick alimpa jina mwaka 1917 kutokana na nondo wa Peru, 2006 akaingia Hispania, 2014 yuko Tanzania na Kenya, na njia nzima amepigwa dawa.

Mitego yenye harufu ya jike inasaidia kujua kama ameingia, ila inanasa madume tu, kwa hiyo usiutegemee mtego mmoja ukamaliza kazi. Majani yenye mabaka chuma mapema uyafukie au uyachome, usiyatupe pembeni ya shamba, na masalia baada ya kuvuna vilevile. Halafu kuna mnavu, nao kantangaze anaishi humo vizuri tu nyanya zikiisha, lakini nenda kamwambie mama mwenye nyumba aung'oe uone atakachokujibu.